Folda Nyembamba

Jumatano, tarehe 9 mwezi wa nane

Dada mpendwa,

Shikamoo. Natumaini barua hii itakukuta mzima, wewe na shemeji na wanao, na kwamba kile kikohozi cha mkubwa kimeshatulia. Sisi huku hatujambo. Mama anashona kama kawaida, anafungua kibanda saa mbili asubuhi na kufunga saa tisa, na bado anaona tundu la sindano bila miwani, jambo analowatangazia wateja hata wasiouliza. Mimi niko palepale masjala, kati ya makabati yangu. Mkuu wangu anasema siku nikistaafu itabidi wanipange kabati nambari saba, maana nyumbani sitajua pa kukaa.

Utashangaa kupata barua wakati simu ipo. Lakini nikiongea chumbani Mama anasikia jikoni, na haya si ya kusikiwa na Mama. Tena unanijua, jambo nisiloliandika kwa tarehe huwa silielewi. Shajara yangu iko wazi hapa mezani, nami nanakili humo ili nisiongeze wala nisipunguze.

Unakuja Jumanne tarehe 22. Ukishapumzika, saa kumi alasiri Mama atakushika mkono na kukuketisha mbele ya kompyuta ya marehemu mdogo wetu Nati, akutembeze ndani ya ile nyumba. Unaijua. Nati alikuwa akikuonyesha kwenye simu ya video, ukicheka hadi machozi ulipoona hata choo amekiwekea mlango usiofunga kama ule wetu. Utakumbuka alivyoanza. Alipozidiwa hata akashindwa kushika mashine ya kuchomelea, ndipo alipoingia katika ule mchezo wa kujenga, akawa anaijenga nyumba yetu kama ilivyokuwa enzi za Baba, kabla ukuta wa nyuma haujabomolewa. Alikuwa akijenga asubuhi, akishakunywa dawa. Mimi alinituma kupima kwa futi ya Mama ya kushonea: dirisha la jikoni upana gani, meza kimo gani. Nilimwuliza kama amekuwa mkandarasi, akanijibu kwamba mkandarasi mwenye karani mvivu hafiki mbali. Vipimo vyote niliviandika katika shajara.

Mama alimfundisha vitufe vinne tu vya mishale: mbele, nyuma, kulia, kushoto. Tangu tulipomzika, kila siku saa kumi Mama huingia getini, hupita jikoni, huingia chumba cha Nati, husimama hapo na kumsimulia habari za siku. Nani amekataa gauni, nani kajifungua. Akimaliza anazima kompyuta na anakula. Kabla hajaanza hivyo, nawe ulishuhudia, alikuwa hali.

Sasa nikuambie nililolifanya.

Mwezi wa sita kompyuta ilianza kuwa nzito. Mama akibonyeza mbele, picha inasimama, kisha inaruka, anajikuta ameingia ukutani. Alilalamika kwamba Nati anamfungia mlango. Nilitazama nikaona diski ya kwanza imejaa, mstari wake mwekundu hadi mwisho. Jumamosi tarehe 8 mwezi wa saba, Mama akiwa kibandani, niliamua kuipanga kama ninavyopanga kabati. Nilitafuta mahali michezo iliposakinishwa kwenye kompyuta. Ukibofya alama ya mchezo kwa kitufe cha kulia cha kipanya, kuna mahali pa kuiambia kompyuta ikupeleke kwenye folda yake. Nilikuta mitatu: wa mpira, wa magari, na huu wa nyumba. Nikaipanga kwa ukubwa. Wa mpira ulikuwa umekula karibu nusu ya diski, nikauondoa. Wa magari nikauondoa. Wa nyumba nikapanga kuuhamishia diski ya pili, ambayo ilikuwa tupu.

Kabla ya kuuhamisha nilitafuta kwa jina, nisije nikaacha kipande nyuma. Nikakuta folda mbili zenye jina lilelile. Moja nene kupita kiasi, nyingine nyembamba, imejificha ndani ndani kwenye folda ya jina la Nati. Dada, kule masjala tuna kanuni, nami nimeifuata miaka kumi na minne. Majalada mawili yakiwa na jina moja, nene ndilo lenyewe, jembamba ni nakala, na nakala huteketezwa. Nikaifuta nyembamba. Nikamwaga na pipa la taka. Kisha nikahamisha ile nene, nikafuta mikono kwa kanga na kujisifu.

Nilipofungua mchezo niliona nyasi. Nyasi tupu hadi mwisho wa macho, na jua la utosini.

Folda nene ilikuwa mchezo wenyewe, ule ambao mtu yeyote duniani anaweza kuwa nao. Nyumba ilikuwa katika ile nyembamba.

Ilikuwa saa nane. Nilichomoa nyaya, nikaifunga kompyuta kwa shuka, na Mama aliporudi nikamwambia imeungua, iko kwa fundi. Jumatatu niliipeleka kweli, kwa fundi wa pale kona mwenye kofia ya sufu hata wakati wa joto. Akaichokonoa siku nzima. Alisema kilichofutwa huwa kinabaki chini kwa muda, lakini mimi nilifuta kisha nikaendelea kukorogakoroga palepale. Akaniuliza kama mwalimu akifuta ubao na kuandika juu yake, mimi ningemwomba asome kilichokuwa chini? Nikalia mbele ya wateja wake. Akanipa kiti na soda, akasema dada, basi.

Niliomba likizo ya siku tisa. Kila asubuhi nilitoka nyumbani na mkoba kama naenda kazini, nikaketi nyuma ya kaunta ya fundi na shajara yangu, nikaijenga nyumba upya kwa vipimo vilevile. Ukuta kwa ukuta. Fundi alinifundisha vitufe, akinitania kwamba najenga polepole kuliko halmashauri. Na kila jioni niliporudi nilimkuta Mama amekaa mbele ya meza tupu, mikono magotini, anatazama ule mraba usio na vumbi.

Tarehe 18 niliirudisha. Mama aliingia getini, akapita jikoni, akaingia chumbani kwa Nati. Mimi nimesimama nyuma yake. Akazunguka mara mbili. Kisha akaniuliza kwa nini nyumba imekuwa kimya. Nikamwambia haijawahi kuwa na sauti. Akaanza kusimulia habari za siku, lakini kwa kifupi, kama mtu anayeongea na mlango uliofungwa.

Jumapili tarehe 23 alikuja kuniambia, uso umechangamka, kwamba Nati amerudi kwenye kazi zake. Nilidhani anatania. Aliponiketisha nikaona kizingiti cha jikoni kina ngazi ya tatu, ile iliyomeguka pembeni Baba alipoangusha tangi la maji. Mimi sikuijenga, Dada. Niliisahau, na katika shajara haimo. Ilikuwepo pale, na imemeguka upande uleule.

Nilitazama ile folda nyembamba, ambayo sasa naijua kuliko kiganja changu. Kila faili lina tarehe ambayo lilibadilishwa mara ya mwisho. Faili la nyumba lilisema Alhamisi tarehe 20, saa nne na dakika kumi asubuhi. Saa nne asubuhi Mama yuko kibandani, mimi niko masjala, nyumba ina kufuli. Nilikwenda kwa fundi. Alisema huenda saa ya kompyuta imepotea, betri yake ndogo imechoka. Akaja akaibadilisha. Jumatano tarehe 26 nilichomoa waya wa umeme, nikautia katika mkoba na kwenda nao kazini. Siku nzima ulikuwa miguuni pangu. Nilirudi saa kumi kasoro robo, nikauchomeka, nikatazama kabla Mama hajagusa kitu. Tarehe 26, saa nne na dakika kumi asubuhi. Na mle mchezoni, kwenye ukuta wa sebule, palikuwa na msumari, na mwavuli wangu mweusi umening'inia.

Utasema ni Mama. Nami nilisema hivyo. Nilimpa kipanya nikamwomba aweke tofali moja tu, hata bustanini. Alikishika kama anavyoshika pasi ya moto, akakirudisha mezani na kuniambia kila mtu na kazi yake.

Nilipoanza kuifikiria barua hii nilitaka kukuomba jambo dogo tu: ukitembezwa, usiseme kwa sauti kwamba siyo ile. Lakini tangu jana ombi hilo halitoshi, na ili unielewe lazima nikuambie jambo la pili, ambalo ni baya kuliko la kwanza.

Unakumbuka kadi zangu. Kule masjala jalada likitoka kabatini, mahali pake huachwa kadi yenye safu tatu: nani amechukua, tarehe ya kutoka, tarehe ya kurudi. Nati alizicheka maisha yake yote. Akichukua mwavuli wangu aliacha kadi kwenye msumari: mwavuli, amechukua Nati, umetoka tarehe fulani. Safu ya tatu aliiacha tupu daima. Nikimgombeza alisema ya kurudi anajua Mungu.

Unakumbuka pia siku ya tatu ya msiba, Mama alivyotuuliza mmoja mmoja kama Nati aliacha neno lolote. Mimi nilisema hakuacha. Nilimdanganya, Dada, nikakudanganya na wewe. Asubuhi ile ya tarehe 3 mwezi wa tatu walipomchukua kwenda hospitali, nilikuta kadi juu ya mto wake. Ameandika kwa mkono unaotetemeka: Nati. Ametoka tarehe 3. Kuhusu nani amechukua, amechora kistari. Safu ya tatu, tupu. Nilijiambia kwamba Mama akiiona ile nafasi tupu ataikodolea macho hadi afe. Nikaificha kwenye jalada la shajara yangu. Hakuna aliyeiona hadi leo, na imo humu ninapoandika, nimeigusa sasa hivi.

Jana saa tisa na nusu, kabla Mama hajafika, niliingia mwenyewe kukagua. Ngazi ipo. Mwavuli upo. Chumbani kwa Nati, juu ya kitanda, mahali pa mto, kuna kibao kidogo cha mbao, kama vile vinavyowekwa katika mchezo kwa maandishi. Kimeandikwa: Nati. Ametoka tarehe 3. Kistari. Na safu ya tatu imejazwa. Inasema atarudi Jumamosi, tarehe 19.

Ningeweza kukiondoa kwa kubofya mara moja. Mkono uliofuta nyumba nzima bila kusita umeshindwa kufuta kibao kimoja. Nilikuwa bado nimeduwaa pale niliposikia viatu vya Mama. Aliketi, akaingia getini, akapita jikoni, akafika chumbani. Hakushtuka hata kidogo, wala hakusoma kama mtu anayesoma mara ya kwanza. Alimwambia Nati tu kwamba ameshapata kile kitambaa, kisha akazima.

Leo asubuhi nimeelewa kitambaa gani. Amefungua chumba cha Nati, kile cha kweli, ambacho hakikuwa kimefunguliwa tangu msiba. Ameshona mashuka mapya na foronya mbili. Godoro liko juani. Nilipomwuliza anamtandikia nani, alinitazama kwa upole, akasema mimi ninayejua tarehe za kila kitu nimewezaje kuisahau hii. Kisha akaniambia jambo ambalo nimeliandika neno kwa neno: kwamba hanilaumu kwa kuificha ile kadi, maana ilikuwa bado haijajazwa.

Dada, sijamwambia Mama habari za ile kadi. Wewe ndiye mtu wa kwanza.

Kwa hiyo usije tarehe 22. Mwombe shemeji ruhusa, sema Mama haumwi lakini anahitajika mtu, sema lolote, ila uwe hapa Ijumaa tarehe 18 kabla jua halijashuka. Kama Jumamosi itapita na hakuna aliyegonga, mimi peke yangu sitaweza kumshika Mama mbele ya kitanda kile kilichotandikwa. Na kama mtu atagonga, sitaki niwe mimi peke yangu wa kufungua.

Wabusu wanao kwa niaba ya shangazi... nimekosea hapo, kwa niaba ya mama yao mdogo, mkono umechoka. Mpe shemeji salamu zangu, mwambie ile redio yake nimeipata na nimeifungia vizuri. Mama naye anakusalimu sana. Amepita hapa mlangoni sasa hivi na kuniagiza nikuandikie kwamba vyumba vyote vitakuwa na watu, hivyo uje na shuka lako.

Ni mimi mdogo wako, kama Nati alivyoniita,

Masjala