Nani Alikuwa Mbele

Mke mwenzangu Bhoke,

Simama kwanza, maana natangaza jambo zito: kuku mwekundu ameacha kutagia kwenye kiti cha babu yako. Mengine huku Bweri ni salama.

Unauliza mimi na babu yako tulianzaje. Kule Mugango, mwalimu wa kwaya alibuni maandamano ya kuigiza nchi isiyokuwepo, ambamo mababu na wasiozaliwa hutembea pamoja. Nikapangwa na mababu, babu yako na wasiozaliwa. Nilinuna, maana nilitaka kutembea naye.

"Mababu mbele, ndio waliotutangulia," mwalimu akaamuru.

Babu yako akadakia, "Mwalimu, sisi ndio kizazi cha mbele! Umeonaga wapi cha mbele kikae nyuma?"

"Nyie hata hamjazaliwa, nyamazeni!" nikamrushia.

Watu wakacheka, mwalimu akatupanga safu moja. Basi tukaenda bega kwa bega hadi kanisani tukiimba, ngozi ya mbuzi niliyovaa ikigusa mabawa yake ya karatasi. Nikaamini kweli kwamba waliopita na wajao wanatafutana.

Juzi nimemuuliza kwa nini aliipigania ile mbele. Amesema nyuma kulikuwa na vumbi.