Mkoromo wa Malkia

Mume wangu Shija,

Marahaba. Hapa Isevya hatujambo, ila mama yako mdogo mguu bado unamsumbua.

Unauliza kama umpandishe mbwa wako wa pua bapa, maana watoto wake wanagombaniwa huko Dar. Usichanani nilifua nguo kwa mwenye duka mmoja hapa mjini, naye alikuwa na jike kama huyo, Malkia. Alikoroma hata akiwa macho, nasi tukicheka, "Huyo kashiba!" Kumbe alikuwa anatafuta pumzi. Siku ya kuzaa, kichwa cha mtoto kikakwama. Bwana mifugo alikuwa Igunga kwenye ng'ombe. Malkia alihema mpaka ulimi ukawa zambarau, akafa tukimpepea kwa kanga. Mwenye duka akabaki kusema, "Lakini jana alikoroma vizuri tu."

Sikukatazi. Daktari wa mifugo ampime kwanza, na akikwambia asizae, basi asizae. Lakini kabla hujaenda, zima redio, ukae naye umsikilize. Ukimsikia anakoroma huku amekukodolea macho, mume wangu, huyo hajashiba.

Mkeo mzee,
Bibi Kabula