Msizike Mgomba kwa Jina la Nahashon

Chumbani kwa Celestine,
Al-Hindawiyah, Jeddah.
Alhamisi, 11 Juni 2015.

Mpendwa mdogo wangu Priscah,

Mwalimu wetu wa darasa la nne alitufundisha kwamba barua huanza kwa salamu, lakini leo naomba anisamehe. Mwanao Nahashon yuko hai. Nimemwona kwa macho yangu haya mawili na nimemshika mkono, nao una joto. Mwambie shemeji Jeremiah auache mgomba shambani.

Sasa ndio nikusalimu. Hujambo, mdogo wangu? Miguu yako imeacha kuvimba? Roseline na mtoto wanalala? Mimi ni mzima, ila joto la huku limenichubua shingo. Madam wangu hajambo na bado ananitegemea mimi kwa kila kitu. Wageni wake wakija hawaulizi wali, wanauliza chapati za Serah. Hata mama yake mzazi, ambaye hajawahi kusifu kitu, alikula nne akanyamaza.

Najua simu haikutosha. Nilikupigia Jumapili nikiwa na habari njema mdomoni, kumbe nyinyi mmeshalia siku nne na siku ya kuzika mgomba badala ya mwili wake imepangwa, Jumamosi tarehe ishirini. Nikamsikia shemeji Jeremiah nyuma yako akisema, "Huyo Serah anakubembeleza tu. Nani husema ukweli wa msiba kwa simu?" Na ile picha niliyotuma, mkasema kichwa kimefungwa bendeji, anaweza kuwa mtoto wa mtu yeyote. Sikukasirika. Ningekuwa mimi, ningesema hivyo hivyo. Ndiyo sababu naandika kwa mkono wangu, mwandiko unaoujua, na Celestine atakayeibeba barua hii anapanda ndege Jumapili. Amenipa neno lake kwamba hatapitia kwao kabla ya kufika kwako.

Acha nikueleze jinsi mambo yalivyokuwa, ili ukiwasomea wazee hapo nyumbani wasipate pa kuuliza.

Unajua Griffins wangu ni kapteni. Nimekuambia mara nyingi na leo nakuambia tena, maana katika ukoo wetu hakuna mwingine aliyezaa kapteni Arabuni. Mchana analinda jengo kubwa la Olaya, na bosi wake humwachia funguo zote. Ijumaa anaongoza timu ya vijana wetu wanaokaa Batha, huko Riyadh. Ni ligi ya wageni watupu, Wakenya, Waganda, Wasudani, Wayemeni, Wanepali. Wana madaraja mawili, na vijana wetu wako daraja la pili. Uwanja ni mchanga nyuma ya maghala. Nahashon wako ndiye alikuwa kipa, jezi namba moja, na Griffins alikuwa akisema kwamba Nahashon akiwa golini yeye hageuki nyuma.

Mwaka ulipoanza walikuwa timu kumi katika daraja lile. Mwezi wa tatu vita vya Yemeni vikaanza, na timu zikaanza kupungua.

Wayemeni walikuwa wa kwanza. Ijumaa ya kwanza baada ya ndege kuanza kupiga kwao, walikuja sita tu, wamevaa jezi, na mechi yao ilikuwa na sisi. Hawakucheza. Waliketi kwenye mstari na simu zao mkononi wakingoja ziite. Vijana wetu wakaona haya kupiga mpira mbele ya watu kama wale, wakaenda kuketi nao. Refa akapuliza kipenga cha kuanza, akangoja muda ukaisha, akapuliza cha kumaliza. Griffins alinisimulia jambo hilo kwa sauti ndogo sana. Wiki iliyofuata Wayemeni hawakuja, na hakuna aliyewauliza.

Kisha wakaanza kwenda madereva. Kampuni za malori zilikuwa zinatafuta watu wa kupeleka maji na chakula kusini, Jizan, karibu na mpaka. Nahashon naye ni dereva, lakini hakuomba kwenda. Kafili wake, yaani mwajiri anayemdhamini, alimwambia yalla, twende, akapakia. Alikupigia akiwa Abha, unakumbuka, akasema kuna baridi kama ya kwetu. Hiyo ndiyo simu ya mwisho sote tuliyoisikia. Wiki saba kimya. Griffins alikwenda kwa kampuni mara tatu, na kila mara jibu lilikuwa mafi, hakuna habari, hawajui lori, hawajui mtu.

Sasa fungua masikio, Priscah, maana hapa ndipo kosa lilipotokea.

Ligi ile ina karatasi ya majina. Anayeitunza ni Msudani mmoja mpole, anaitwa Ustadh Idris, kazi yake ni uhasibu. Kila timu huandika watu kumi na wanane, na ukishaandika huwezi kuongeza mtu katikati ya msimu. Njia ni moja tu. Mchezaji akirudi kwao au akihamishwa mji, kapteni huandika kando ya jina lake neno halas, yaani huyu amemaliza, na mgeni huchukua nafasi na namba yake. Neno lenyewe ni la kila siku huku. Ukimaliza kuosha vyombo ni halas. Chumvi ikiisha ni halas.

Mwezi huu wa sita ilibaki mechi moja, na Wasudani. Vijana wetu wakipata hata sare tu wanapanda daraja la kwanza. Lakini hawakuwa na kipa. Tangu Nahashon aende walikuwa wakimweka golini Lewis, ambaye ni mfungaji na ni mfupi, mtambaa wa panya hauufikii hata akiruka. Na kipa mzuri alikuwa amepatikana! Julius, kijana wa Nakuru, ameajiriwa juzi na ana glavu zake mwenyewe. Kilichobaki ni Griffins kuandika neno moja kando ya jina la binamu yake.

Morgan, yule wa kwa fundi cherehani, hakungoja. Jumanne aliandika kwenye kundi la simu la vijana wa nyumbani, "Nahashon halas, kipa sasa ni Julius." Kwa Morgan hiyo ilikuwa habari ya mpira. Ilipofika huko kwenu mkamwita Maryann aliyerudi kutoka Dammam awafasirie, naye akawaambia kweli, kwamba halas ni kwisha. Mtu kwisha. Mlikuwa mmengoja wiki saba, mngelielewa vipi jambo lingine? Simlaumu Maryann. Hata Morgan simlaumu, ingawa nikikutana naye atanisikia.

Huko nyuma mkaanza kulia, na huku sisi hatujui. Na Griffins mwenyewe alikuwa bado hajaliandika hilo neno.

Alhamisi alinipigia nikiwa jikoni. Sasa nitakuambia jambo ambalo ningeweza kulificha, na wewe usingejua. Mimi nilimwambia aandike. Nilimwambia, "Baba, ni neno tu, andika mpande daraja, Nahashon akirudi atapata namba nyingine." Nilikuwa nimeshawatangazia wanawake wote tunaokutana hapa Hindawiyah kwamba mwanangu atacheza daraja la kwanza. Nilikuwa nimeshajisikia nikilisema.

Akasema, "Mama, kampuni imemfuta. Sisi tukimfuta, nani ataulizwa habari zake?"

Nikamwambia, "Unaongea kama pasta."

Akasema, "Naongea kama kapteni wake," akakata simu. Mwanangu hajawahi kunikatia simu maishani mwake.

Ijumaa wakaenda uwanjani. Ustadh Idris akamsogezea karatasi na kalamu. Julius alikuwa amesimama pale tayari, glavu mkononi. Morgan akapiga kelele mbele ya watu wote, "Kapteni, tutafungwa kwa sababu ya maiti?" Griffins akamjibu, "Ilete hiyo maiti niione, nitaandika mbele yako." Idris naye akamsihi, "Yalla, kijana, muda unakwenda." Griffins akairudisha kalamu. Lewis akavaa jezi ya rangi nyingine, maana namba moja Griffins alikataa ivaliwe.

Walifungwa saba bila. Saba, Priscah! Hawakupanda daraja. Wachezaji wawili waliondoka bila kumpa mkono, na Morgan hajasema naye mpaka leo. Na mimi niliyetangaza, siku ile nilizima simu yangu nisiulizwe.

Kesho yake, Jumamosi, simu ya Ustadh Idris ililia. Alikuwa nesi wa hapa Jeddah, Mkenya mwenzetu, jina lake Susan. Alisema wameletewa majeruhi waliolala wiki nyingi hospitali ya Jizan, wengine hawana fahamu wala karatasi. Mmoja, ikama yake, kile kibali cha kuishi huku, iliungua na lori. Mfukoni alikutwa na kadi ya mchezaji, damu imefuta jina na picha. Kilichosomeka ni Batha, namba moja, na namba ya simu ya Idris nyuma. Akauliza, "Namba moja wenu yuko wapi?"

Sasa fikiri. Kama Griffins angekubali, namba moja angekuwa Julius. Idris angemwambia yule nesi kwamba namba moja yuko hapa Riyadh na ni mzima, hiyo kadi imeokotwa tu. Nesi angeshukuru na kuweka simu. Lakini Idris alifungua karatasi, akasoma, akasema, "Namba moja wa Batha ni Nahashon, Mkenya. Hajafutwa."

Nimelia nikiandika hapo, wino umetapakaa kidogo, nisamehe.

Jumapili madam alinipa ruhusa na dereva. Nesi Susan alinishika bega kabla ya kuingia, akasema nisishtuke. Kombora lilianguka mahali walipoegesha malori. Wenzake wawili walikufa palepale, na mimi sijui mama zao wanangoja simu gani. Nahashon, mguu wa kushoto umevunjika mara mbili na umewekwa vyuma. Taya limevunjika, limefungwa kwa waya, anakula kwa mrija, hawezi kutamka neno. Ndiyo sababu hajakupigia. Kichwa kimevimba, sitakudanganya, hata mimi niliposimama mlangoni nilisita. Halafu nikamsogelea nikamwita jina la nyumbani, lile la babu yake. Akafumbua macho, machozi yakashuka upande upande mpaka masikioni. Daktari anasema atatembea, lakini golini hatasimama tena.

Hilo la mpira nilimficha. Nikafikiri nitamwambia akipata nguvu. Lakini alinishika kidole na kukikokota kwenye shuka, mara ya kwanza nikafikiri ni maumivu. Nesi akacheka, akasema, "Mama, anaandika. Anauliza walifunga ngapi." Nikamwambia wamefungwa saba, na nikamwambia ni kwa nini. Alifumba macho muda mrefu. Kifua kilikuwa kinapanda na kushuka, sikujua kama analia au anacheka, kwa ule waya.

Priscah, nimejisifu kwa mengi katika maisha yangu, na wewe unanijua. Lakini leo najisifu kwa timu iliyofungwa saba bila. Usinisifu mimi katika jambo hili, maana mimi ningeliandika lile neno. Msifu Griffins.

Kwa hiyo nawaomba. Mgomba usikatwe. Roseline asinyolewe kichwa kama mjane. Unajua desturi yetu, mtu akishazikiwa mgomba kwa jina lake huhesabiwa na waliokwenda, na akirudi hata mlango wa nyumba yake haupiti mpaka wazee wakae tena. Huyu anakuja na magongo. Akute mlango wake wazi.

Shemeji Jeremiah akibisha, mwambie hivi kwa heshima zote: Serah hajakataa mila, anachokataa ni mtu anayekunywa uji kuzikiwa mgomba. Na kama bado atabisha, mpe karatasi nitakayoibandika mwisho wa barua hii. Leo asubuhi nilimpelekea Nahashon kalamu, nikamwambia andika jambo ambalo hakuna mtu mwingine wa kuliandika. Aliandika mwenyewe. Mimi sikulielewa, nesi hakulielewa. Nadhani wewe utalielewa.

Nisalimie Roseline, umwambie asivue pete. Nisalimie mwanao Elphas na wanawe, mama mkwe wako, na majirani wote waliokuja kukaa nawe siku hizi za kulia. Wapikie chai kwa niaba yangu kabla hawajaenda. Nisalimie hata Maryann.

Mungu aliyemwacha huyu mtoto na pumzi akuwekee na wewe nguvu za kumpokea. Usiku ulale, mdogo wangu. Mimi niko karibu naye, kila Alhamisi nitakwenda.

Ni mimi dada yako, nikupendaye tangu nikubebe mgongoni,

Serah, Mama Griffins.

(Hii ndiyo karatasi yake, nimeibandika kwa gundi ya madam.)

Mama, redio ya baba hakuivunja Elphas. Ulimchapa bure. Niliivunja mimi, na betri nikazificha kwenye debe la mahindi. Nikija usinipige. Nahashon.