Pampu Uliyomtumia Mama

Amba Tsige, Wollo
Tarehe 14 Tahsas

Mpendwa Kaka Desalegn,

Salamu nyingi kutoka huku kwetu kwenye baridi. Mgongo wako unaendeleaje? Na joto la Djibouti, mmezoeana au bado mnagombana? Mama ni mzima kabisa. Anafunga, anasali, ananisema kwa kutoolewa tena. Mimi pia ni mzima wa mwili, ila moyo hautulii.

Utashangaa nakuandikia wakati simu ipo. Unajua simu zako hupokelewa vipi hapa: spika wazi, mama kiti cha mbele. Haya ya leo hayawezi kusemwa mbele yake. Nimempa barua Getnet, dereva wa lori, akukabidhi mkononi. Isome ukiwa peke yako.

Unamkumbuka Bezawit, mjukuu wa jirani yetu Mzee Mulu, yule aliyekuwa akikuimbia mlangoni ukija likizo? Ana miaka saba sasa. Leo ni siku ya tisa yuko hospitali, anaharisha, amebaki macho tu. Watoto wengine wanne wa mtaani wameugua tangu mwezi uliopita. Watu wanasema ni kijicho.

Ofisi yetu ya maji unaijua. Programu za kupigia hesabu mabomba ya mji zinauzwa bei ya gari, na sisi hata wino wa mashine tunachangishana. Juzi juzi mwalimu mmoja wa chuo alinipa nyingine, ya bure, ambayo yeyote anaruhusiwa kuifungua, aone inavyofanya kazi na hata kuirekebisha. Nikazunguka mji na fundi wetu mzee, Gashe Tefera, akinionyesha kwa fimbo bomba limelala wapi, maana ramani ya mabomba iko kichwani mwake tu. Nikachora kila bomba, kila mlima, kila pampu. Kisha nikaiambia kompyuta ifungue maji kama siku ya zamu ya mtaa wetu kupata maji.

Kwenye picha yake, mji mzima ukaja kijani. Mtaa wetu ukaja mwekundu, msukumo wa maji chini ya sifuri. Maana yake ni kwamba bomba letu halisukumi, linavuta. Na linavuta kuliko kote pale linapopita chini ya mtaro wa vyoo vya soko, ambapo Gashe Tefera ameshaliziba kwa mpira mara tatu. Kinachovutwa pale ni uchafu wa vyoo.

Nilidhani nimekosea tarakimu. Nikarudia hesabu mara mbili, jibu ni lile lile. Basi siku ya zamu nikaenda kwa Mzee Mulu, nikafungua bomba lao la uani, nikainua kikombe cha maji mpaka mdomo wa bomba ukazama ndani. Kaka, bomba likayanywa. Kikombe kikabaki kitupu mkononi mwangu, na ng'ambo ya ukuta naisikia pampu yetu inaunguruma.

Ndiyo, ile uliyomtumia mama. Najua uliinunua kwa jasho, na naona aibu kukuandikia hivi. Inajaza tangi letu huku wenzetu hawapati hata tone, kisha wanakuja kwetu na madumu, na mama hamnyimi mtu. "Chukueni, chukueni, haya maji ya Desalegn!" anasema, na uso unang'aa. Watoto wote watano wamekunywa kwetu.

Nilipomweleza alicheka. "Mimi nina miaka sabini na mbili, mbona siharishi? Sema tu una wivu, kaka yako kanikumbuka mimi!" Lakini maji yale hajawahi kuyanywa. Mama anakunywa kahawa, na kahawa imechemka. Nikawaambia majirani nao wachemshe, wakaniuliza kama nitawanunulia mkaa.

Bosi wangu naye nilimwonyesha picha. "Programu ya bure ndiyo imfundishe kazi Tefera?" akasema. "Haya, tukianza kukata pampu za watu, tuanze na ya mama yako?" Ofisi nzima ikacheka. Nilitamani ardhi ipasuke.

Na hili ndilo linaloninyima usingizi. Kila asubuhi mama hujaza chupa mbili kwenye tangi letu, anazifunga kwa kitambaa cheupe, anampelekea Bezawit hospitalini. Nilipogundua, nikaanza kuamka kabla yake, namwaga, natia niliyochemsha. Jumanne nilichelewa.

Niliiondoa pampu yetu kwenye ile picha, nijaribu tu. Mtaa wote ukapata maji, kidogo na polepole, na wekundu ukaisha. Ni pampu moja tu, Kaka.

Zamu yetu ijayo ni asubuhi ya tarehe 28, mkesha wa Genna, Krismasi yetu, na mama ameshaualika mtaa mzima kuteka kwake. Anakusikia wewe peke yako. Mpigie kabla ya siku hiyo. Mwambie ina hitilafu, mwambie duka linairudisha, danganya unavyoweza, dhambi yake nitaibeba mimi.

Msalimie sana wifi yangu Tsedale, na binamu yetu Habtamu mwambie tunasubiri harusi, si picha. Mariamu Mtakatifu awafunike nyote, awarudishe nyumbani mkiwa salama.

Usipopiga, tarehe 28 nitaamka mapema, nitakwenda na spana, nitaifungua mwenyewe. Mama ataniita mchawi mbele ya mtaa mzima, na mtaa mzima utakuwa umesimama pale na madumu matupu, umekubaliana naye.

Ni mimi dada yako nikupendaye, hata ukininunia,
Yeshimebet