Nimefika Nyansiongo, Mama

Kisii mjini,
Ijumaa baada ya swala.

Kwa Mama yangu Bi. Mwanakombo, Vanga,

Shikamoo Mama. Naishika miguu yako kutoka huku milimani, na kukuuliza kama goti bado linakusumbua au ile dawa ya kuchua imelituliza, na kama mbuzi wa Mishi amezaa salama. Mimi mwili ni mzima. Chakula nakula, usingizi napata kidogo. Kuhusu uzima wangu sina zaidi ya hayo.

Dada Mishi, najua ni wewe unayeisoma. Kabla hujaendelea, watoe watoto wakacheze nje, kisha ukae mkekani karibu na Mama. Usome polepole, wala usiruke neno kwa kumhurumia.

Mama, Salimu hayuko duniani. Sikutaka kukuzungusha, maana ungelijua tangu kwenye salamu na ungeumia mara mbili. Sasa nakueleza jinsi nilivyopata kujua, ili habari uwe nayo yote kama niliyo nayo mimi.

Nilikwambia barua iliyopita kwamba kampuni iliyonihamishia Nairobi mwaka huu imeanzisha safari mpya ya basi kwa watalii. Ni siku tano za milimani: kupita Kericho, kushukia nchi ya Wakisii, kufika mpaka Tabaka wanakochonga mawe, halafu kurudi. Kazi yangu ni kukaa mbele karibu na dereva na kipaza sauti mkononi, niwaeleze wageni wanachokiona dirishani. Niliposikia kwamba basi litapita karibu na Nyansiongo, nilimwendea meneja nikaiomba safari hiyo. Wenzangu walinicheka, kwa kuwa wageni wa mbugani ndio wanaotoa bakshishi. Sikumweleza mtu sababu yangu. Nilijiambia nikimpata, nitamweleza kila mtu.

Tuliondoka Nairobi na mvua. Wageni wengi ni wazee, Waingereza na Wajerumani, watu wapole waliomaliza kazi zao na sasa wanatembea. Wanashangaa kila kitu, hata punda. Dereva ni Mkisii anaitwa Omwenga, kwao ni Masimba, mtu wa maneno machache. Jioni ya kwanza, huko Kericho, tulipokuwa tukila jikoni nyuma ya hoteli, nilimfungulia moyo. Nilimweleza kwamba ndugu yangu alikuwa dereva wa trekta kwa setla mmoja wa Nyansiongo, na kwamba barua zake zilikatika wazungu walipoanza kuuza mashamba baada ya uhuru, na zetu hazikujibiwa tena. Omwenga akatafuna, kisha akaniuliza sanduku la posta lilikuwa la nani. Nikamwambia la bwana wake. Akatikisa kichwa, akasema bwana alipoondoka alifunga sanduku, na barua zenu zilikuwa zikienda mahali hakuna mtu.

Fikiri, Mama. Zile barua zote ulizomtuma Mishi kuandika.

Akaniambia yale mashamba makubwa yalikatwa vipande wakapewa Wakisii, lakini baadhi ya waliokuwa vibarua wa zamani walipata viwanja na bado wapo. Safari yetu ilipangwa ipite barabara kuu tu. Omwenga akasema atakata kona aingie ndani, wageni wale chakula chao cha mchana huko juu ya kilima, na meneja akiuliza tutamwambia pale pa kawaida palikuwa na matope.

Siku ya pili asubuhi nilifanya kazi yangu. Nilisema kuhusu chai, kuhusu mvua ya kila siku, kuhusu vilima vinavyolimwa mpaka kileleni. Ni nchi nzuri, Mama, sitasema uongo. Ni kijani tupu, bonde juu ya bonde, na hewa baridi kama maji ya mtungi. Lakini huku nikisema nilikuwa nikiwatazama wanaume wote waliokuwa wakitembea kando ya barabara, nikitafuta ule mwendo wake wa kurusha bega. Mara mbili nilidhani nimemwona. Mara zote mbili aligeuka akawa mtu mwingine.

Tukafika kwenye kilima. Wageni wakatandika mashuka yao kwenye majani, wakafungua maboksi ya mkate na mayai. Omwenga akanichukua kwenye nyumba iliyokuwa chini kidogo, ya mama mmoja aitwaye Kerubo, mjane, makamo ya shangazi Fatuma, ambaye yeye na marehemu mumewe walikuwa vibarua wa setla yuleyule. Alikuwa akianika mahindi. Omwenga alimsalimu kwa Kikisii, akasema naye kwa muda. Nilimwona yule mama anaacha mahindi, ananitazama usoni, na mikono yake ikashuka. Hapo nikajua, Mama. Kabla hajafungua kinywa.

"Wewe ni mtu ya Sarimu," akasema. Huku hutamka hivyo, Sarimu. "Uso ni yake."

Nikasema ndiyo, mimi ni mdogo wake. Akanivuta mkono akanikalisha kwenye kigoda, akaleta uji, nikaushika bila kuunywa. Alinisimulia kwa Kiswahili chake cha bara, na pale maneno yalipomwishia Omwenga alimsaidia.

Salimu walimpenda. Alivaa makoti mawili, moja juu ya jingine, na kila asubuhi alilaani baridi mpaka watu wa kambi wakamzoea kama jogoo. Nazi huku hakuna, basi alipika wali kwa maziwa ya ng'ombe, akawaita majirani waje waonje chakula cha Pwani. Walikula kwa heshima, halafu wakasema wao kwa wao kwamba kile ni chakula cha watoto wachanga. Kerubo alicheka kidogo alipofika hapo, mimi pia nikacheka. Kilikuwa kicheko cha mwisho.

Setla alipokuwa akifunga mizigo alimwomba Salimu abaki alinde nyumba na trekta mpaka wenye shamba wapya waje, akamwahidi kwamba watamwajiri. Salimu akakaa. Wenzake wengi walitawanyika, yeye akabaki katika ile kambi iliyokuwa karibu tupu. Alimwambia mume wa Kerubo kwamba akipata kazi kwa wenyeji wapya atakwenda kwao Pwani mara moja, amchukue mkewe Zaituni aje naye. Hao wenyeji wapya walichelewa. Ukaja msimu wa mvua na baridi kali, akashikwa na kifua. Kwanza kikohozi, kisha homa, kisha akawa anaweweseka kwa maneno ambayo hawakuyaelewa. Wakamfunga kwenye machela ya miti, wakamchukua kwa miguu kuelekea hospitali ya Kisii, kwa sababu gari halikuwapo. Alikata roho njiani kabla ya kufika Keroka. Wakageuza wakarudi naye.

Nikamwuliza walimzika vipi. Akaangalia chini.

"Tulimzika kama mtu yetu," akasema. "Maombi yenu hatukujua. Mume wangu alisema, Mungu atajua ni yake. Na kwenu tulijua ni Pwani tu. Pwani ni kubwa."

Mama, usiwalaumu. Walimwosha, walimfunika blanketi la mume wa Kerubo, na walilia. Nimewashukuru kwa ajili yako, nikapiga magoti mbele ya yule mama, naye akaninyanyua.

Kisha nikamwomba anionyeshe kaburi. Hili ndilo nililotaka sana kukuficha, na nimeona siwezi. Wapima ardhi walipokuja, ile kambi iliangukia kwenye kiwanja cha mtu mwingine. Vibanda vilibomolewa, ng'ombe wakakokota jembe, pakapandwa chai. Kerubo na mumewe walikuwa wameweka jiwe, likang'olewa na mkulima ambaye hakujua lilikuwa la nini. Alinipeleka mpaka kwenye mistari ya chai. Imekua mpaka kiunoni, imefungamana, huwezi kuona udongo. Akasimama, akasogea hatua, akarudi.

"Ni hapa," akasema. "Ama ni pale chini kidogo. Mimi nisikudanganye, mtoto. Sijui tena."

Nilisimama pale. Nilitaka kusoma Fatiha nikashindwa kujua nielekee wapi, nikaisoma huku nikitazama shamba zima. Sikuifikisha mwisho. Wageni walikuwa wameshiba na wameanza kuteremka na kamera zao. Bibi mmoja Mwingereza, mwenye kofia ya nyasi, mtu mwema kabisa, alifurahi kutuona mimi na Kerubo tumesimama katikati ya chai na bonde lote nyuma yetu. Akatuomba tusitingishike. Akatupiga picha. Akaniuliza hapa ni mahali gani, kwa nini sikupataja kwenye kipaza sauti, na mbona ni pazuri kuliko kote tulikopita. Wengine wakamzunguka wakisubiri jawabu.

Nikawaeleza, Mama. Ndiyo kazi inayoniweka mjini. Niliwaambia hapa zamani palikuwa shamba la setla, sasa ni viwanja vya Waafrika, chai huchumwa majani mawili na chipukizi, na mvua hunyesha karibu kila alasiri. Walinishukuru. Kerubo hakuelewa Kiingereza, alikuwa akinitazama tu. Omwenga akapiga honi mara moja, kwa upole, nikapanda.

Alikuwa amekisia yaliyotokea kwenye chai. Tulipopita Masimba, kwao, alinunua ndizi akaniwekea mapajani, akaendelea kuendesha.

Jana tulikwenda Tabaka. Wageni walinunua vinyago vya viboko na wanyama wengine, vya mawe meupe na ya rangi ya waridi, na mimi niliwatafsiria bei. Kulikuwa na fundi mmoja aliyekuwa akipiga msasa bakuli. Nilimwuliza kama anaweza kunichongea bamba lenye jina. Akasema anaweza, hata maua pembeni atatia. Akauliza jina, nikampa, akaliandika kwa mkaa juu ya jiwe. Akasema zuri, na litadumu, ila jiwe hili ni laini, inategemea utaliweka wapi, ndani au nje. Nikamwambia nitarudi, nikaondoka. Sitarudi kwa ajili hiyo. Nikilipeleka Nyansiongo nitaliweka kwenye chai ya nani?

Leo wageni wamepewa mapumziko, wako sokoni na Omwenga. Mimi nilikwenda msikitini. Waislamu wa hapa mjini ni wachache, wamechanganyika, Wanubi, Wasomali, na Waswahili waliozaliwa hukuhuku na mama wa Kikisii. Baada ya swala nilimweleza imamu, na watu wote walibaki, wakamsalia Salimu swala ya maiti aliye mbali. Mzee mmoja muuza nguo alinichukua nyumbani kwake, na hapa kwake ndipo ninapoandika. Anasema sasa nitulie, haki ya ndugu yangu imetimizwa. Nimemwitikia. Lakini utulivu sijaupata, na sijui utatoka wapi. Nilidhani nikipata jawabu lolote nitapumua. Nimelipata, na kifua ni kilekile.

Sasa yaliyobaki ni yako na ya nyumbani. Msomeeni hitima. Kuhusu Zaituni, mwulizeni kadhi kama eda yake ilikwisha kupita au inaanza siku atakayosikia. Na likiisha hilo, Mama, mwachilie. Najua ni wewe uliyemwomba angoje, na yule fundi cherehani aliyemposa ulimrudisha kwa maneno makali. Ulifanya kwa kumpenda mwanao. Zaituni naye amekutii mpaka ujana ukamwisha, na huenda sasa hakuna tena wa kuja kumposa. Hata hivyo mwachilie. Nguo za Salimu zilizo sandukuni mpe mwenye haja nazo.

Wala usiombe kuja. Najua utataka. Safari ni ndefu, baridi itaumiza goti lako, na ukifika sina mahali pa kukuonyesha ukasema hapa ndipo alipo mwanangu.

Jana jioni meneja alipiga simu hotelini. Nilidhani atanikaripia kwa kuacha barabara kuu. Kumbe wale wazee walikuwa wamempigia simu wakamsifia sana kile kilima, wakisema ndicho kilichowafurahisha kuliko vyote. Akanipongeza. Ameamua kila safari isimame pale kwa chakula cha mchana, na ameniwekea mimi safari hiyo moja kwa moja. Nilitaka kukataa, lakini nikikataa nitarudi Vanga bila kazi, nanyi nyote mnategemea mkono huu. Nimesema ndiyo. Kila mwezi nitasimama kwenye ile chai na kuwaambia watu jinsi palivyo pazuri.

Nisalimie Dada Mishi, aliyenisaidia kukufikishia haya. Mpe pole ya kuyasoma kwa sauti yake. Nisalimie mumewe, na shangazi Fatuma, na mjomba Bakari aliyemfundisha Salimu kuendesha gari. Mwambieni taratibu, akiwa ameketi. Wanetu wote wapeni mkono. Shemeji Zaituni simpelekei salamu. Nimeshindwa kuliona neno linalotosha.

Najua jawabu lako, Mama. Utamwambia Mishi aniandikie, aniulize kama nina hakika, kama yule mama hakumchanganya na mtu mwingine, kama hakuna Salimu mwingine aliyetoka Pwani. Nimeyauliza yote hayo mwenyewe, pale pale. Nina hakika.

Ni mimi, mwanao wa kiume uliyebaki naye,

Athumani