Sahani Zimechora, Mwalimu

Mwangaluka, Mwalimu.

Naanza na salamu ya asubuhi ya Kisukuma kwa sababu ndivyo ulivyotaka. Hukuwa unafungua kitabu cha kemia mpaka darasa zima likuitikie, hata kama mkuu wa shule amesimama mlangoni anatazama saa. Leo najua huniitikii. Nimesubiri kidogo hata hivyo, ndipo nimeendelea kuandika.

Nina habari moja kubwa, nyingine ni za kujazia. Sahani zimechora. Zile sahani za kioo zilizokugomea siku ya mahafali mbele ya watu wote zimechora pete za bluu ndani ya wekundu, moja ndani ya nyingine, zikatembea mpaka ukingoni. Hapa hapa Bariadi, juu ya meza yako yenye mguu uliofungwa kwa waya. Nilicheka peke yangu mpaka mlinzi akaja kuchungulia dirishani.

Ngoja niende taratibu, maana na mimi nina langu la kusema, na nimelikwepa miaka saba.

Unakumbuka ile Jumatatu kabla ya mahafali? Nilikuwa kidato cha tatu, umenichagua nikusaidie maabara. Ulikuwa umetoka Mwanza na kemikali zako umezizungushia sweta ili chupa zisigongane njiani. Tukachanganya, tukamimina kile kimiminika chekundu kwenye sahani, kina chembamba tu, ukaniambia nisipumue juu yake. Ikatokea nukta ya bluu. Nukta ikawa pete, pete ikapanuka, katikati pakarudi wekundu, halafu pale pale katikati ikazaliwa bluu nyingine. Nikakuuliza nani anaiambia igeuke. Ukasema hakuna, zinapokezana zenyewe. Ukanikumbusha mashindano ya ngoma, Bagika upande huu na Bagalu upande ule: watu wanakimbilia kwa Bagika, wakishiba wanahamia kwa Bagalu, halafu wanarudi tena, mpaka nguvu ziwaishie wote.

Ukanionyesha pia kwamba pete mbili zikikutana hazipitani kama mawimbi ya bwawani, zinafutana hapo hapo. Kisha ukaikata pete moja kwa ncha ya waya, na zile ncha mbili zilizobaki zikajikunja kama gamba la konokono, zikaanza kuzunguka. Sikuwa nimewahi kuona kitu kizuri kama kile. Nilitoka maabara nikasahau kwenda kula.

Shida ni kwamba chupa ya maji safi ya betri tuliyochanganyia tuliimaliza siku hiyo. Ulipokwenda mjini kununua nyingine, duka la vipuri lilikuwa limefungwa kwa sababu ya Idi, na mahafali yalikuwa kesho yake. Ukasema haina neno. Ukateka maji ya kisima cha shule, ukayachemsha muda mrefu, ukayachuja kwa kitambaa cheupe, ukayaacha yapoe. Sote tumefundishwa hivyo tangu darasa la kwanza, kwamba maji yakichemka yamekuwa safi.

Mimi ukanipa mizani. Nilikuwa napima ule unga mweupe, bromati, wakati rafiki yangu Holo alipokuja dirishani kunisimulia habari za ng'ombe wa mahari ya dada yake, wangapi wamekubaliwa na yupi amekataliwa kwa sababu ya pembe. Nikamsikiliza. Nilipogeuka sikukumbuka kama kijiko cha mwisho nilikuwa nimeshakiweka au bado. Nikaongeza kingine. Sikukwambia.

Asubuhi ya mahafali ulivaa suti ya harusi yako. Ukawaambia wazazi, chini ya turubai, kwamba hicho chekundu walichokiona mezani kitajichorea chenyewe bila mkono wa mtu. Watu wakasogea. Dakika tano, dakika kumi. Chekundu kikabaki chekundu. Mmoja wa wageni akauliza kwa sauti kama hiyo juisi ya rozela ni ya kuangalia tu au na sisi tutakaribishwa. Turubai zima likaangua kicheko, na mimi nilikuwa nyuma yako nimeshika trei.

Hukukasirika. Ulifuta miwani, ukasema, "Samahani wazazi. Mkono wangu umekosea vipimo."

Mkono wako haukugusa mizani hata mara moja, Mwalimu. Mimi nilijua. Nikatazama trei.

Baada ya hapo wewe ulikuwa Mwalimu Rozela. Wanafunzi, wauza mitumba, mpaka vijana wa bodaboda pale stendi. Ulikuwa unawaitikia. Lakini zile chupa ulizifungia kabatini na sikuona tena ukizitoa. Nikamaliza shule, nikaenda chuo Mwanza kusomea kazi ya maabara, na ndiko nilikopata simu kwamba moyo wako umesimama. Hata msibani kwako nilimsikia mtu akimwelekeza mwenzake kwamba anayezikwa ni Rozela. Nilitaka kumgeukia. Ningemwambia nini? Kwamba mwenye jina hilo ni mimi?

Sasa sikiliza. Mwaka wa mwisho chuoni mkufunzi wetu alituletea jaribio lile lile. Kabla hatujagusa kitu akatuambia maji ya bomba na ya kisima ni marufuku, kwa sababu chumvi kidogo tu ndani ya maji inaubana mchanganyiko ule na hauchezi tena. Wenzangu wakaandika. Mimi nikaweka kalamu chini. Nilikuwa naona sufuria za jikoni kwetu shuleni, zile zenye ukoko mweupe ambao hata mchanga hauutoi. Nilikuwa naona ng'ombe wa majirani wanaovunja uzio kila kiangazi kuja kulamba udongo pale kisimani. Wewe mwenyewe ulikuwa unasema chai ya shule haihitaji kutiwa chumvi.

Na ulichemsha, Mwalimu. Mvuke ukaondoka na maji, chumvi ikabaki yote. Uliyakoleza! Mtu na shahada yake ya kemia! Nisamehe, lakini hapo lazima nikucheke kidogo, nadhani hata wewe ungejicheka.

Ila kujua ni kimoja na kuona ni kingine. Bado nilikuwa na kile kijiko changu. Mwaka huu nimeajiriwa hapa hapa shuleni kwetu kutunza maabara. Mkuu mpya amenipa funguo, kabati lako lipo, na chupa zako zipo, vifuniko umevizungushia utepe na majina yameandikwa kwa mwandiko wako ulioinamia kushoto. Habari za kujazia ni hizo: bati la maabara limebadilishwa, uzio bado unavunjwa na ng'ombe wale wale, na Holo ana watoto watatu.

Jumamosi iliyopita nikapanga sahani tatu. Ya kwanza vipimo sahihi kwa maji ya betri. Ya pili maji ya betri pia, ila bromati nikaiongeza makusudi, kijiko kile kile nilichokiogopa miaka yote. Ya tatu vipimo sahihi kabisa, kwa maji ya kisima yaliyochemshwa na kuchujwa kama ulivyofanya.

Ya kwanza ikachora. Ya tatu ikakaa kimya, nyekundu tupu, rozela. Ya pili ndiyo sikuweza kuiangalia mpaka nilipojilazimisha. Ilikuwa imejaa pete! Zinakimbia kuliko za kwanza, zimebanana, lakini pete. Kijiko changu hakikuua kitu. Ndipo nikakaa sakafuni na kicheko kikanishika, na machozi pia, sijui kipi kilianza. Mzigo ule umenitoka kifuani, Mwalimu. Nilipumua kama mtu aliyetua gunia la pamba.

Jumapili baada ya misa nikaenda Kasoli kwa mke wako, Mama Limi. Nilimkuta ameketi barazani anachambua pamba, ile chafu kando, nyeupe kando. Nikamwomba kistuli, nikaweka sahani, nikamimina. Aliacha pamba. Pete ya kwanza ikatoka, ya pili, ya tatu. Ya nne akavua kilemba akakiweka mapajani, akainama karibu mpaka nikamwomba asipumue juu yake. Nikamweleza yote ya maji. Akasema ulikuwa umemwambia kwamba kinachora, naye alikuamini kwa mdomo tu.

Kisha nikamwambia la kwangu: mizani, Holo, kijiko, na jinsi nilivyotazama trei. Nikamwambia vipimo havikuwa kosa, ila kunyamaza kulikuwa kosa, na hilo halina sahani ya kulifuta.

Aliendelea kuangalia zile pete. Halafu akasema, "Ng'wanone, mwanangu, alijua wewe ndiye uliyepima. Ndiyo maana alisema ni mkono wake."

Kwa hiyo ulijua. Siku zile zote ulizonipa funguo za maabara bila kuuliza, ulijua, au ulidhani unajua, na wote wawili tulidhani kosa ambalo halikuwepo. Wewe ukalibeba na mimi nikakuacha ulibebe. Nisamehe hilo moja. Mengine yamekwisha.

Wabeja, Mwalimu, nakushukuru. Lala salama huko Kasoli. Mama Limi amesema mwezi huu atakuja shuleni kuona tena, na darasa zima litajua ni mume wa nani aliyelileta jambo hili Bariadi. Mimi nakuahidi kitu kimoja tu. Nina msichana wa kidato cha pili ananisaidia kupima, mwangalifu lakini mpenda soga. Kuna siku sahani zitagoma tena mbele ya watu, kwa sababu ninayoijua au nisiyoijua, naye atakuwa nyuma yangu ameshika trei. Kabla hajapata muda wa kuogopa, nitakuwa nimeshasema ni mimi.

Mwanafunzi wako,
Minza