Pole, Crispin

Turffontein, Agosti 2017

Dada Tumu,

Sisi wazima. Baridi inapungua, na binti yangu Nusaiba nikimsemesha Kiswahili ananijibu Kizulu.

Umeuliza habari za mpangaji mwenzetu Crispin, yule mwimbaji Mwingereza anayepanda jukwaani na kofia ya mfuga nyuki, akaimba juu ya konokono. Mashabiki wake hawajazi ukumbi, lakini wanamwabudu. Kila akirudi kutoka Newtown alikoviimbia viti vitupu, nilikuwa namwambia, "Pole." Akadhani ni sifa, akalitia neno hilo kwenye wimbo. Tangu hapo mashabiki humwandikia "Pole, Crispin" wakidhani wanampa hongera, na mimi moyo wa kumsahihisha sina.

Sasa ana saratani ya koo. Jumatatu watamtoa kikoromeo, na sauti ndiyo basi. Mashabiki hajawaambia, amewawekea tu picha yake na ile kofia. Majibu yakamiminika: pole, pole, pole. Akanionyesha simu huku anatabasamu, akangoja na mimi niseme.

Nikamwambia, "Pole, kaka."

Akainama, kama aliyepigiwa makofi.

Mdogo wako, sina neno jingine,
Luqman